Robert Koch na dawa iliyoitwa isiyo na sumu

KATIKA vichochoro vya Mji wa Kale, Mombasa, jina la dawa lina uzito wake. Mnunuzi akisimama mbele ya duka la dawa za asili na kutaja habasoda, shubiri au ubani, muuzaji huanza kukisia ni maradhi gani yanayoisumbua nyumba ile. Jina la dawa na kazi yake ni mambo yaliyozoeana tangu enzi za mababu.

Hatua chache kutoka hapo, katika duka la dawa za kisasa, hali ni tofauti. Majina yaliyoandikwa kwenye visanduku yameundwa kwa vipande vya Kigiriki na Kilatini, na mgonjwa huyapokea kwa imani tu. Hajui jina limebeba maana gani, wala hajui kama maana hiyo ni ya kweli.

Miongoni mwa majina hayo ya kigeni, moja limekita mizizi katika hospitali za dunia nzima, nalo ni antitoksini. Maana yake ni kitu kinachopinga sumu. Ndiyo dawa anayodungwa mgonjwa wa dondakoo au pepopunda ili kuizima sumu ambayo vijidudu vya maradhi hayo huimwaga mwilini.

Kuna jina jingine, la ukoo mmoja na hilo, ambalo halisikiki tena madukani. Jina hilo ni Atoxyl. Lilitungwa nchini Ujerumani mwanzoni mwa karne ya 20, na maana yake ni kitu kisicho na sumu. Katika visiwa vya Ssese, ndani ya Ziwa Victoria, dawa hiyo ilitumiwa kuwatibu wagonjwa wa malale katika miaka ya 1906 na 1907. Watu 22 waliodungwa walipofuka, wasione tena maishani mwao.

Majina hayo mawili yanakutana katika maisha ya mtu mmoja. Antitoksini iligunduliwa na vijana waliokuwa chini ya usimamizi wake jijini Berlin. Atoxyl aliipeleka Ssese yeye mwenyewe. Mtu huyo ni Dkt Robert Koch, mmoja wa madaktari mashuhuri zaidi katika historia ya dunia.

Asili ya majina hayo si ngeni kwa watu wa pwani. Neno la Kigiriki lililozaa toksini lilihusu upinde, na baadaye sumu iliyopakwa kwenye mishale. Wagiriama wanaoishi bara ya Mombasa waliijua sumu ya namna hiyo tangu jadi na kuiita utsungu. Waliichemsha kutokana na mti wa porini, wakaipaka kwenye mishale ya kuwindia. Kwa hivyo antitoksini, kwa asili ya neno, ni kinga ya sumu ya mshale, na Atoxyl ni kitu ambacho hakina sumu hiyo.

Mwana wa mji wa migodi

Robert Koch alizaliwa Desemba 11, 1843 katika mji wa Clausthal, kwenye milima ya Harz nchini Ujerumani. Baba yake alikuwa afisa wa migodi, na nyumba yao ilijaa watoto 13. Alisomea udaktari katika Chuo Kikuu cha Göttingen na kuhitimu mwaka wa 1866. Mwaka uliofuata alimwoa Emmy Fraatz, nao wakajaliwa binti mmoja.

Baada ya kutumikia kama daktari katika vita vya Ujerumani na Ufaransa vya mwaka wa 1870, aliajiriwa kuwa daktari wa wilaya katika mji mdogo wa Wollstein, ambao leo umo nchini Poland. Hakuwa na maabara wala mwalimu wa kumwongoza. Alikuwa na hadubini, chumba kimoja alichokigawa kwa pazia, na wagonjwa waliobisha hodi mchana kutwa.

Wakulima wa wilaya hiyo walikuwa wakipoteza ng'ombe na kondoo kwa ugonjwa wa kimeta. Koch alichukua damu ya wanyama waliokufa, akavikuza vijidudu alivyoviona ndani yake katika majimaji ya jicho la ng'ombe. Alivifuata kizazi baada ya kizazi, kisha akawadunga panya navyo. Panya wakafa kwa kimeta. Mwaka wa 1876 alisafiri hadi Breslau na kuwaonyesha wataalamu wa huko kazi yake, nao wakakiri kwamba daktari huyo wa mashambani alikuwa amethibitisha jambo ambalo wengi walilibishia.

Mwaka wa 1880 aliitwa Berlin kufanya kazi katika Idara ya Afya ya dola. Huko alibuni mbinu za kukuza bakteria za aina moja bila kuchanganyika na nyingine. Alianza na vipande vya viazi, akatumia gelatini, kisha agari itokanayo na mwani wa baharini. Mbinu hizo zingali msingi wa kazi ya maabara hadi leo.

Machi 24, 1882 alisimama mbele ya wataalamu wenzake jijini Berlin na kutangaza kwamba amekiona kijidudu kinachosababisha kifua kikuu. Maradhi hayo yalikuwa yakiua watu wengi mno barani Ulaya, na wengi waliamini kwamba yanarithiwa katika ukoo. Tarehe hiyo ndiyo inayoadhimishwa kila mwaka kuwa Siku ya Kifua Kikuu Duniani. Mwaka uliofuata alikwenda Misri na kisha India, ambako alikitambua kijidudu cha kipindupindu.

Kilichomtofautisha Koch na wengi wa wakati wake ni ukali wake katika kudai ushahidi. Alishikilia kwamba haitoshi kukiona kijidudu ndani ya mgonjwa. Sharti kipatikane kwa kila mwenye ugonjwa huo, kikuzwe peke yake nje ya mwili, kisha kikiingizwa katika mnyama mzima kimletee ugonjwa ule ule. Kabla ya hapo, hakuna ruhusa ya kukitaja kuwa chanzo. Kanuni hizo zinafundishwa katika vyuo vya udaktari hadi sasa na zinaitwa kwa jina lake.

Antitoksini na tuberkulini

Mwaka wa 1890 ulimletea Koch fahari na fedheha kwa pamoja.

Fahari ilitokana na wasaidizi wake wawili, Emil von Behring wa Ujerumani na Shibasaburo Kitasato wa Japani. Walikuwa wamegundua kwamba mnyama akidungwa sumu ya pepopunda au ya dondakoo kwa kiasi kidogo kidogo, damu yake hutengeneza kitu kinachoizima sumu hiyo. Walipokichukua kitu hicho na kumtia mnyama mwingine, naye akapata kinga. Desemba mwaka huo walichapisha matokeo yao, na elimu ya antitoksini ikaanza.

Katika miaka iliyofuata farasi ndio waliotumiwa kutengeneza dawa hiyo kwa wingi. Paul Ehrlich, mtafiti mwingine aliyefanya kazi chini ya Koch, aliweka vipimo vya kujua nguvu ya kila chupa, ili daktari asimpe mgonjwa dawa kwa kubahatisha. Mwaka wa 1901 Behring alikuwa mtu wa kwanza kutunukiwa Tuzo ya Nobel ya udaktari.

Jina la dawa hiyo lilisema kweli, ingawa halikusema yote. Antitoksini huizima sumu inayozunguka mwilini, bali ile ambayo imekwisha kushika neva au moyo haiondoki. Ndiyo maana kuchelewa kumfikisha mgonjwa hospitalini hugharimu maisha. Aidha, kwa kuwa hutokana na damu ya farasi, baadhi ya wagonjwa hupatwa na mzio mkali, na wauguzi hulazimika kuwa macho kila wanapoitoa.

Fedheha ilitokana na Koch mwenyewe. Agosti mwaka huo huo wa 1890, katika kongamano la kimataifa la madaktari jijini Berlin, alidokeza kwamba amepata kitu kinachozuia kifua kikuu. Kitu hicho kilikuja kujulikana kama tuberkulini. Habari zilienea upesi, na wagonjwa wakamiminika Berlin kutoka pande zote za Ulaya wakitarajia kupona. Koch alikataa kwa miezi kadhaa kueleza dawa hiyo imetengenezwa kwa nini.

Wagonjwa hawakupona. Baadhi yao walizidiwa na wengine wakafa, na uchunguzi wa maiti ulionyesha kwamba dawa ilikuwa imeamsha ugonjwa badala ya kuutuliza. Hatimaye Koch alikiri kwamba tuberkulini ni maji yaliyotolewa kwenye bakteria zenyewe za kifua kikuu. Haikutibu, ingawa baadaye ilipata kazi nyingine ya maana, nayo ni kupima kupitia ngozi kama mtu ameambukizwa.

Daktari aliyewafundisha wenzake kutotaja chanzo cha ugonjwa bila ushahidi kamili alikuwa ameitangaza dawa kabla ushahidi wake haujakamilika. Funzo hilo lilikuwa chungu, na lilipaswa kutosha.

Safari za Afrika Mashariki

Baada ya fedheha hiyo na talaka iliyofuata mwaka wa 1893, Koch alianza kuishi maisha ya msafiri. Mwishoni mwa mwaka wa 1896 alikwenda Afrika Kusini kuchunguza sotoka iliyokuwa ikimaliza ng'ombe. Kutoka huko alielekea Bombay kwenye tauni, na mwaka wa 1897 akatia nanga Dar es Salaam, katika koloni la Ujerumani la Afrika Mashariki.

Alikaa pwani hiyo hadi mwaka wa 1898 akichunguza malaria, maradhi ya ng'ombe na tauni. Sampuli zilizoletwa kutoka Kiziba, magharibi mwa Ziwa Victoria, zilimwezesha kuthibitisha kwamba ugonjwa ambao wenyeji waliuita rubunga ndio tauni. Huku pwani aliona pia vimelea katika damu ya ng'ombe. Miaka michache baadaye, alipoitwa Rhodesia kuchunguza vifo vya mifugo, aliukumbuka ugonjwa huo na kuuita homa ya pwani ya Afrika. Wafugaji wa Tanzania wanaujua kwa jina la ndigana.

Mwaka wa 1905 alirejea. Safari hii alishughulikia homa iliyowaangusha wasafiri wa misafara ya kwenda bara, homa iliyopoa na kurudi tena na tena. Ilionekana kwamba wanaougua ni wale waliolala kwenye vibanda vya kando ya njia. Koch alichimba vumbi la sakafu za vibanda hivyo na kuwapata papasi, kisha akaviona vijidudu vya homa ndani ya papasi hao na hata ndani ya mayai yao. Watafiti wa Uingereza waliokuwa Uganda na Kongo walikuwa wamefikia jibu kama hilo kwa wakati uliokaribiana na huo. Wenyeji nao walikuwa na jina la mdudu huyo zamani.

Mwishoni mwa mwaka huo alitunukiwa Tuzo ya Nobel kwa kazi yake ya kifua kikuu. Alikuwa na umri wa miaka 62, na angeweza kupumzika. Badala yake alikubali kuongoza msafara wa serikali ya Ujerumani wa kuchunguza malale.

Ugonjwa huo ulikuwa umeingia kando ya Ziwa Victoria mwanzoni mwa karne. Mwaka wa 1901 madaktari wa hospitali ya Mengo, Kampala, waliwaona wagonjwa wa kwanza. Kufikia mwaka wa 1903 ilithibitishwa kwamba huletwa na kimelea kinachosambazwa na mbung'o. Katika muda wa miaka michache inakadiriwa kwamba zaidi ya watu 200,000 walikufa katika Busoga, Buganda na visiwa vya jirani. Vijiji vizima vilibaki mahame.

Lango la Mombasa

Katika miaka hiyo njia nyepesi ya kutoka pwani hadi ziwani ilikuwa kupitia Mombasa, hata kwa Wajerumani waliokuwa wakielekea Mwanza katika koloni lao. Reli ya Uganda ilikuwa imefika Kisumu Desemba 1901, na safari iliyowachukua wapagazi miezi ilimalizika kwa siku chache.

Kisiwa cha Mombasa cha mwaka wa 1906 kilikuwa na sura mbili. Upande wa Mji wa Kale, majahazi kutoka Uarabuni na India yalitia nanga katika bandari ya kale, chini ya kuta za Ngome ya Yesu ambayo wakati huo ilikuwa gereza. Wakubwa walipita mitaani kwenye vigari vilivyosukumwa na watu juu ya reli nyembamba. Upande wa pili, Kilindini, meli za moshi za Waingereza na za Wajerumani zilishusha mizigo iliyopakiwa kwenye mabehewa ya kwenda bara.

Katika mizigo ya aina hiyo ndimo dawa mpya za viwanda vya Ulaya zilimokuwa zikiingia bara. Hadubini, sindano na chupa za Atoxyl vilikuwa zana za msafara wa Koch.

Atoxyl ilikuwa kemikali ya aseniki, sumu inayojulikana tangu kale. Iliundwa mara ya kwanza na mwanakemia wa Ufaransa, Antoine Béchamp, mwaka wa 1859. Ilipoonekana kwamba mwili unaistahimili mara nyingi zaidi kuliko aseniki ya kawaida, kiwanda kimoja cha Ujerumani kiliipa jina hilo la kutuliza moyo na kuitia sokoni. Mwaka wa 1905 watafiti wa Liverpool walionyesha kwamba inaviua vimelea vya malale katika wanyama.

Jina hilo lilitokana na ulinganisho tu. Dawa ilikuwa na sumu ndogo kuliko nyingine za aina yake, nalo jina likasema haina sumu kabisa.

Kambi ya Bugala

Koch alifika Mwanza katikati ya mwaka wa 1906. Upande wa Wajerumani wagonjwa walikuwa wachache, kwa hivyo, kwa idhini ya Waingereza, alihamia Bugala, kisiwa kikubwa zaidi katika Ssese. Hapo alipiga kambi pamoja na wasaidizi wake, akiwemo Friedrich Karl Kleine.

Habari za daktari huyo zilivuka maji upesi. Mitumbwi ilileta wagonjwa kutoka visiwa vyote na kutoka bara ya Buganda. Wengine walitembea wenyewe, wengine walibebwa na jamaa zao wakiwa hawajitambui. Zaidi ya watu elfu moja walitibiwa, na vibanda vya nyasi vilizunguka kambi kama mji mpya.

Mwanzoni matokeo yalikuwa ya kustaajabisha. Koch aliwadunga wagonjwa nusu gramu ya Atoxyl kwa siku mbili mfululizo, akarudia kila baada ya siku kumi. Vimelea vilitoweka kwenye damu na kwenye tezi za shingo. Watu waliokuwa wakisinzia mchana kutwa waliinuka, wakala na kuzungumza na wenzao. Kabla mwaka haujaisha, Koch aliiarifu serikali yake kwamba Atoxyl inakaribia kuwa kwa malale kama kwinini ilivyo kwa malaria.

Hata hivyo, vimelea vilikuwa vimejificha tu. Baada ya wiki kadhaa vilionekana tena katika damu ya watu waliodhaniwa wamepona. Kwa wale ambao ugonjwa ulikuwa umefika kwenye ubongo, dawa haikufua dafu.

Hapo ndipo Koch alipofikia njia panda. Alikuwa na dawa inayosaidia kwa muda na wagonjwa wanaokufa mbele yake. Aliamua kuongeza kipimo kutoka nusu gramu hadi gramu nzima.

Wagonjwa walianza kulalamikia maumivu makali, kichefuchefu na kizunguzungu. Wengine waliikimbia kambi na kurudi makwao, afadhali wafe kwa ugonjwa wanaoujua. Kisha wakaja wale walioona ukungu machoni. Waliodhani ni jambo la kupita walijikuta siku zinavyosonga hawaoni nyuso za waliowaleta. Aseniki ilikuwa imeua neva za macho, na neva hizo hazina dawa.

Waliohesabiwa walikuwa 22. Koch alikirudisha kipimo kwenye nusu gramu, na katika taarifa yake aliwataja watu hao. Hakuficha, na hilo ni haki yake kutajiwa. Lakini hakuna ushahidi kwamba wagonjwa hao waliulizwa kama wako tayari kujaribiwa kipimo kikubwa, wala kwamba waliambiwa ndani ya chupa ile mna nini. Wao walijua kwamba ni dawa, na kwamba mwenye kuitoa ni daktari mkubwa kutoka Ulaya.

Koch aliondoka Afrika Mashariki mwishoni mwa mwaka wa 1907. Alipendekeza vichaka vya mbung'o vifyekwe na wenye vimelea watengwe katika makambi wakidungwa Atoxyl. Utawala wa Wajerumani ulijenga makambi hayo kando ya maziwa, na wengi waliopelekwa huko walitoroka. Uingereza nayo iliwahamisha wakazi wote wa Ssese, na miaka kumi hivi ikapita kabla hawajaruhusiwa kurejea.

Majina mengine, ahadi nyingine

Koch alifariki Mei 27, 1910 mjini Baden-Baden kwa maradhi ya moyo, akiwa na umri wa miaka 66. Majivu ya mwili wake yamehifadhiwa katika taasisi aliyoianzisha Berlin, ambayo sasa ina jina lake na ndiyo inayosimamia udhibiti wa maradhi ya kuambukiza nchini Ujerumani. Katika miaka ya karibuni kazi yake ya Ssese imejadiliwa upya nchini humo, na wanahistoria wameihusisha moja kwa moja na utawala wa kikoloni uliomruhusu kuwafanyia Waafrika majaribio ambayo Wajerumani wenzake wasingefanyiwa.

Atoxyl yenyewe ilifungua njia. Mwaka wa 1907 Paul Ehrlich na mwenzake Alfred Bertheim waligundua umbo lake halisi la kikemikali. Kuanzia hapo walitengeneza mamia ya michanganyiko mipya, wakaijaribu kwanza katika wanyama. Mchanganyiko nambari 606 ulionekana kuitibu kaswende, na mwaka wa 1910 uliingia sokoni kwa jina la Salvarsan, yaani aseniki inayookoa. Jina hilo angalau halikuficha kwamba ndani mna aseniki.

Lakini somo la Bugala halikumfikia kila mmoja. Karibu mwaka wa 1930, katika wilaya ya Bafia nchini Cameroon, daktari mmoja aliwapa wagonjwa wa malale tryparsamide, dawa nyingine ya aseniki, kwa kipimo kilichozidishwa. Watu wapatao 700 walipofuka. Ni kosa lile lile, likiwa na idadi kubwa zaidi na jina jipya.

Dawa ya aseniki iliyofuata, melarsoprol, ilitumika tangu mwaka wa 1949 kwa miongo mingi. Iliwafikia hata wagonjwa waliokwisha kupoteza fahamu, lakini takriban watano kati ya kila 100 waliopewa waliuawa na dawa yenyewe. Ni hivi majuzi tu, mwaka wa 2018, ambapo fexinidazole, tiba ya kumeza isiyohitaji sindano wala aseniki, iliungwa mkono na wakala wa dawa wa Ulaya.

Mwaka wa 2022 Shirika la Afya Duniani lilithibitisha kwamba Uganda imeitokomeza aina ya malale iliyoenea zaidi kiasi kwamba si tatizo tena la afya ya umma. Mwaka wa 2025 Kenya nayo ilipata uthibitisho kama huo kuhusu malale. Ushindi huo umetokana na kupima watu, kunasa mbung'o na kufuatilia kila mgonjwa kwa miaka mingi.

Antitoksini ingali inatumika, na thamani yake huonekana zaidi inapokosekana. Mlipuko wa dondakoo nchini Nigeria mwaka wa 2023 ulidhihirisha jinsi akiba ya dunia ilivyo ndogo, kwa kuwa watengenezaji ni wachache. Jina lake lilipatikana baada ya ushahidi. Kwanza ilionekana ikiizima sumu ndani ya mnyama, kisha ikaitwa kipinga sumu.

Kwa Atoxyl mambo yalikwenda kinyume. Jina lilitangulia, na ushahidi ukaja nyuma, ukiwa umebebwa na watu 22 waliopofuka. Robert Koch ana taasisi, mitaa na sanamu zenye jina lake, na alizistahili kwa yale aliyoyafanya kuhusu kimeta, kifua kikuu na kipindupindu. Wale 22 hawana jengo wala mtaa. Kumbukumbu yao imebaki katika swali ambalo kila mgonjwa, awe Bugala au Ndia Kuu, ana haki ya kumwuliza anayemkabidhi dawa: imejaribiwa kwa nani, kwa kipimo gani, na kiliwapata nini waliotangulia kuinywa.